Katuni hazikuja na king'amuzi

Ndugu Mhariri,

Mbukwenyi. Wiki mbili zilizopita msomaji mmoja aliandika katika ukurasa huu kwamba sisi wa mikoani tulianza kuona katuni mwaka 2013, siku mitambo ya analojia ilipozimwa na ving'amuzi vikaingia. Barua yake niliisomea barazani kwa mteja wangu wa mtaa wa Nkuhungu, nikisubiri mke wake arudi sokoni na funguo za geti. Nilicheka, halafu nikaona nisiishie kucheka, maana kazi yenyewe nimeifanya kwa mikono yangu.

Ninafunga madishi hapa Dodoma tangu mwaka 1998. Dishi langu la kwanza lilikuwa la wavu, linakuja vipande vipande, na ukishaliunga linakuwa pana kama paa la banda la kuku. Watu wanne walilishika, mimi kijana wa kubeba spana nikalala chini ya nguzo nikikaza nati kwa amri ya mwalimu wangu: kulia kidogo, rudisha, hapo hapo. Mwenye nyumba alikuwa mfanyabiashara wa mtaa wa Uhindini. Picha ilipotulia, chenga zikaisha, kitu cha kwanza kilichotokea kwenye kioo kilikuwa paka anamkimbiza panya. Mzee yule alikuwa amelipia dishi ili aone habari na mpira. Baada ya wiki moja alikuwa ameigeuza televisheni ielekee dirishani, kwa sababu watoto wa mtaa walikuwa wakipanda ukuta na kumvunjia vigae.

Nilikuwa nikipita pale jioni kwa kisingizio cha kukagua waya. Watoto wamejipanga chini barazani, wadogo mbele, wenye miguu yenye vumbi jekundu hawaruhusiwi kukanyaga zulia. Usiku, bila taarifa yoyote, katuni zilikatika na watu halisi wakatokea kwenye kioo, mara nyingi kwenye picha za rangi nyeusi na nyeupe, wanaume wenye kofia na wanawake wa magauni marefu. Hapo mtoto mmoja hupiga kelele: "Wazungu wameingia!" Wote wanasimama, wanajikung'uta, wanakwenda kulala. Ndiyo ilikuwa saa yao. Wazazi kule nyuma ya soko walijua: Wazungu wakiingia, mwanao anarudi.

Mimi nilidhani king'amuzi kina kasoro. Nilimuuliza mwalimu wangu kama tumenasa chaneli mbili kwa mpigo. Hapana. Ilikuwa chaneli moja yenye majina mawili, mchana Cartoon Network ya katuni, usiku TNT ya filamu za zamani, zinapokezana kitanda kama walinzi wa zamu. Miaka mingi baadaye, nilipopata simu yenye intaneti, nikafuatilia asili yake, na hapa naomba nafasi kidogo Mhariri, maana ndicho kilichonifanya nishike kalamu.

Mwaka 1986 Ted Turner, mwenye televisheni kule Atlanta, Marekani, aliinunua kampuni ya filamu ya MGM. Madeni yakamwelemea, mwaka huo huo akauza tena sehemu kubwa ya alichonunua, lakini stoo ya filamu za zamani hakuiachia. Ndani ya stoo ile mlikuwa na wale Wazungu wa kofia, na mlikuwa pia na Tom na Jerry, ambao William Hanna na Joseph Barbera, wakiwa waajiriwa wa MGM, waliwatoa kwa mara ya kwanza mwaka 1940. Kumbe paka wa mchana na Wazungu wa usiku walitoka nyumba moja! Watoto wa Uhindini waliwakimbia ndugu zake Tom bila kujua.

MGM walipofunga idara yao ya katuni mwaka 1957, Hanna na Barbera walianzisha kampuni yao wenyewe, wakawa wanachora kwa ajili ya televisheni, ambako fedha ni kidogo. Ukitaka kuona fedha kidogo inavyofanya kazi, mwangalie yule dubu wao Yogi. Hana shati, lakini ana kola na tai. Kola ile ni mshono: kichwa kinachorwa upya kikizungumza, kiwiliwili kinabaki kilekile. Tangu nilipolijua hilo siwezi kumtazama bila kuangalia shingo yake, na nimewaharibia wajukuu wangu raha. Turner aliinunua na kampuni hiyo mwaka 1991. Sasa ana katuni mpaka hajui aziweke wapi, akazifungulia chaneli yake tarehe 1 Oktoba 1992. Ya Ulaya ikaanza kurushwa kutoka London tarehe 17 Septemba 1993, na sisi wa Afrika tukawa tunakula kilichopikwa huko.

Angalia tarehe hizo. Mwaka 1993 Zanzibar walikuwa na televisheni yao tangu 1973, ya rangi kabisa. Bara hatukuwa na kituo hata kimoja. ITV ilikuja 1994, na TVT ya Serikali, ambayo leo ni TBC, mwaka 2000. Kwa hiyo watoto wa Ulaya walipata chaneli nzima ya katuni kabla mtoto wa Dodoma hajapata hata taarifa ya habari. Hilo nalikubali. Ila kutoka hapo mpaka kusema tulisubiri 2013, hapana.

Mwaka 2000 ilirushwa satelaiti iliyoitwa W4, ikakaa juu ya ikweta kwenye longitudo ya nyuzi 36 mashariki. Fundi yeyote wa Dodoma anaipenda namba hiyo. Mji wetu nao uko karibu kabisa na nyuzi 36, kwa hiyo satelaiti ile inatukaa karibu utosini, imeinamia Kondoa, upande wa kaskazini, kidogo tu. Mwenzangu wa nchi za mbali huelekeza dishi lake kwenye upeo wa macho akigombana na miti na maghorofa. Mimi naliinua uso, nachungulia juu kama mtu anayetafuta mvua ya Januari, na mwembe wa jirani haunihusu. Na dishi lenyewe likawa dogo, mtu mmoja analipandisha begani kwenye ngazi. Hapo ndipo katuni zilipotoka Uhindini zikaingia Area C, Chang'ombe, Kikuyu. Nimefunga dishi kwenye nyumba ya udongo ya Kizota iliyokuwa na bati jipya kuliko ukuta, betri ya gari chini ya kitanda, na watoto sita juu yake.

Ya 2013 najua ilivyokuwa, Dar es Salaam wakatangulia kuzimiwa usiku wa tarehe 31 Desemba 2012, zamu yetu ikafuata muda mfupi baadaye. Watu walipanga foleni ya ving'amuzi, sisi mafundi tukala vizuri. Basi.

Jambo kubwa kwangu ni la mwaka uliofuata. Januari 2014 TBC1 ilianza kuonyesha Ubongo Kids, katuni iliyotengenezwa Dar es Salaam, Kiduchu na wenzake wakifundisha hesabu kwa nyimbo, kwa Kiswahili, bila malipo ya mwezi. Mtoto aliweza kujibu maswali kwa ujumbe wa simu ya kawaida ya vitufe. Mwanangu wa mwisho alinimalizia salio la vocha kwa kujibu maswali ya hesabu za sehemu, na kwa mara ya kwanza katika maisha yangu nilifurahi kuibiwa. Alikuwa hajawahi kuongea na televisheni. Zile katuni za ng'ambo alizitazama bila kusema neno, akicheka panya akiponyoka, lakini maneno yalimpita juu kama ndege za Jeshi.

Kwa nini basi wazazi wa leo wananipigia simu kuhusu katuni za kulipia tu? Mwaka 2023 Boomerang, chaneli ya katuni ya kulipia, ilipobadilishwa jina ikawa Cartoonito, nilipokea simu wiki nzima: "Fundi, dishi langu limeyumba, ile chaneli imepotea." Nilipanda bati mbili bure kabla sijaelewa. Jina la chaneli ya mbali likibadilika, mtaa mzima unajua siku hiyo hiyo. Lakini waulize wazazi hao katuni ya Kiswahili iko saa ngapi Jumamosi, hakuna anayejibu. Na si kosa lao. Kituo kimoja, sikitaji, kimehamisha kipindi cha watoto mara tatu mwaka huu bila kutangaza. Mjukuu wangu wa miaka mitano aliamka alfajiri, akajifunika kitenge cha bibi yake, akakaa mbele ya kioo mpaka chai ikaiva. Wakaja watu wa suti wakajadili bei ya mbolea. Aliniangalia mimi, kana kwamba nimekosea kukaza nati.

Ombi langu liko kwenu, Mhariri. Zamani magazeti yalichapa ratiba ya televisheni, saa kwa saa, nasi tulikata kipande kile tukakibandika ukutani. Mliondoa, nadhani kwa sababu kila mtu sasa ana simu. Mtoto wa miaka mitano hana simu. Sihitaji ukurasa. Nipeni mistari minne kila Ijumaa: katuni gani ya Kiswahili, kituo gani, saa ngapi, Jumamosi na Jumapili. Wapigieni simu wenye vituo wawaambie, nyinyi watawajibu. Mimi fundi hawanijibu.

Gazeti lenu hufika kibandani kwangu kabla sijapanda bati la kwanza. Nina ubao mlangoni wa kuandikia bei za waya, na upande wa kushoto nimeufuta tayari.

Fundi madishi,
Kizota, Dodoma