Barua ya wazi kwa Mheshimiwa Huldah Momanyi Hiltsley: njoo utueleze kazi yako kwa Kiswahili

Mheshimiwa dada Huldah,

Salamu kutoka hapa hapa Brooklyn Park, Minnesota. Naandika nikiwa nimetoka shifti ya usiku kwa nasingi homu, yaani nyumba ya kutunza wazee, so nikichanganya maneno nisamehe.

Uliposhinda Novemba 2024 simu yangu ililia wiki nzima, watu wa nyumbani, ati sasa tuna mbunge Marekani! Na ni kweli wewe ndiye mzaliwa wa Kenya wa kwanza kuingia bunge la Minnesota, hiyo hakuna mtu atakunyang'anya. Lakini shida yangu ilianzia hapo. Binamu yangu anataka nikutumie picha ya pasipoti yake uongee na ubalozi. Mama mmoja wa kanisani ana kesi ya uhamiaji, akasema basi Huldah ameingia mambo yameisha. Nikamwambia mama, huyu ni mjumbe wa jimbo, mmoja kati ya 134, kazi yake iko Saint Paul, mji mkuu wa jimbo letu, visa na grinkadi ni za serikali kuu kule Washington. Akaniangalia kama mtu amenyimwa chakula.

Na wewe hii unaijua kuliko sisi, maana ulishasimulia vile familia yenu ilikuwa karibu kurudishwa Kenya mkaokolewa na marehemu Paul Wellstone, na huyo alikuwa seneta wa Minnesota kule Washington.

Sasa yale yaliyo mikononi mwenu ndiyo hatuyajui. Juni 2025 bunge lenu lilipitisha sheria ya kuwatoa watu wazima wasio na makaratasi kwa MinnesotaCare, bima ya afya ya jimbo, wakabaki watoto tu. Hiyo ilipitia Saint Paul, lakini uliza mtu yeyote kwa foleni ya unga na sukuma wiki hapa mtaani, atakuambia ni Trump. Kwenye baraza lenu Mdemokrati aliyesema ndiyo alikuwa mmoja pekee, Melissa Hortman, alifanya hivyo ndiyo bajeti ipite serikali isifungwe, na akatoka hapo akiongea na waandishi huku analia. Siku tano baadaye yeye na mumewe wakauawa nyumbani kwao, hapa hapa Brooklyn Park, na mtu aliyevaa kama polisi. Mimi tangu siku hiyo mlango ukigongwa usiku nachungulia dirishani kwanza, hata kama ni jirani.

Mtu anakufa akifanya kazi ambayo sisi majirani zake hatuwezi kuieleza, hiyo inaniuma.

Ombi langu ni jioni moja tu, kabla viti vyote 134 havijarudi kwa wapiga kura Novemba 2026. Beismenti ya kanisa inatosha. Utuambie kwa Kiswahili nini unaweza, nini huwezi, na bima iliyokatwa inaweza kurudishwa kwa njia gani. Jumamosi mchana usiweke, nusu yetu ni Wasabato. Chai tutaleta sisi, na yule mama wa kesi ameshasema atakaa kiti cha mbele.