Barua ya wazi kwa vijana wa Dar wenye kamera

Wanangu, marahaba, maana najua mngeanza na shikamoo.

Juzi nilialikwa kutazama dokumentari zenu, nimetoka na hasira. Karibu zote zinaanza na droni juu ya Daraja la Kigamboni alfajiri. Kinanda cha huzuni hakikosekani, na jamaa mwenye sauti nzito anatueleza kile tunachokiona kwa macho yetu.

Kuna ile ya mama anayekaanga samaki kwenye soko la Feri. Anasimulia habari za mwanawe aliyekwenda kuvua, anafika katikati ananyamaza, anageuza samaki aliyekwisha kugeuzwa. Filamu yote ilikuwa pale! Wewe mwanangu ukakata, ukatupeleka angani, ukatumwagia kinanda. Nani kakudanganya kwamba mtu akinyamaza kifaa kimeharibika?

Mwaka 1992 Mtanzania mwenzetu Flora M'mbugu-Schelling alitengeneza dokumentari iitwayo These Hands hapa hapa Dar. Wanawake, wakimbizi wa Msumbiji, wanagonga kokoto kwenye machimbo ya Kunduchi. Dakika 45, msimulizi hakuna. Nyundo, maongezi, wimbo, nyundo tena, mpaka mkono wako uliyekaa kitini unachoka. Wangapi mmeiona? Na Agnès Varda wa Ufaransa, keshavuka miaka sabini, katika filamu yake ya mwaka 2000 kuhusu waokota mabaki ya mavuno, alishika kamera ndogo ya dijitali kwa mkono mmoja akaupiga picha ule mwingine, makunyanzi na madoa yake yote. Ninyi hata kivuli chenu mnakikata.

Jitieni ndani ya filamu zenu, jamani. Una bibi Mbagala anayekugombeza ukichelewa kurudi, halafu unakwenda kushuti "jamii"! Mshuti bibi. Na yeye akikuuliza kwa nini umemuelekezea hilo dude, usilifute swali lake wala jibu lako la kubabaika.

Najua mtasema mfadhili anataka ujumbe, dakika nane, na nembo mwishoni. Sawa, kuleni, kodi hailipwi kwa majaribio. Lawama nyingine ni yetu wazee. Palipokuwa na sinema ya kutazama ukiwa ndani ya gari, kule Msasani, leo pana ubalozi wa Marekani, majumba mengine ya sinema tuliyaacha yafe tukitazama, kisha tunawashangaa ninyi kwa kudhani filamu ni tangazo refu.

Mengine kwa kifupi. Vaeni hedfoni mnaporekodi. Kazi ikae kwenye diski mbili, nyumba mbili tofauti. Kibali cha ofisi kateni, ila ruhusa ya mwenye uso wake ndiyo ya kwanza. Aione filamu yeye kabla hamjavuka nayo kwenda tamasha la Zanzibar.

Mwenye kipande chake cha dakika tatu, bila muziki wala msimulizi, aniletee. Nipo Ilala, kila siku baada ya magharibi. Kahawa ipo, kashata mje nazo.