Mkishapatana, rudini barazani mlifunge shauri

Ndugu Mhariri,

Naomba nafasi katika gazeti lako niwaeleze wasomaji, hasa wenzangu wa Ujiji na Mwanga hapa Kigoma, jambo ambalo nusura liharibu mapatano yangu na jirani yangu. Tulikuwa na shauri katika baraza la ardhi na nyumba kuhusu mpaka wa shamba na michikichi minne iliyosimama juu ya mpaka huo. Wazee wa pande zote mbili walituita, tukakubaliana, tukala pamoja, na mimi niliyekuwa mdai nikaona hakuna haja tena ya kupoteza nauli kufuata tarehe.

Nilikosea. Shauri halifi kwa sababu wenyewe wamepeana mikono. Linabaki masijala likipangiwa tarehe, na mdai asipoonekana linaweza kufutwa kwa kutofika kwake, na hapo makubaliano yetu yangekuwa maneno ya mkekani tu, yasiyo na wa kuyasimamia siku watoto wetu watakapoanza kung'oa alama.

Sheria ya Mwenendo wa Mashauri ya Madai, Sura ya 33, ambayo mabaraza ya ardhi ya wilaya huitumia pale kanuni zao zinaponyamaza, inatoa njia mbili katika Amri ya XXIII, na wengi wetu huzichanganya. Kanuni ya 1 inamruhusu mdai kuliondoa shauri, lakini akiliondoa bila kupewa ruhusa ya kulifungua upya, hawezi kurudi na dai lile lile, na anaweza kubebeshwa gharama za mwenzake. Kanuni ya 3 ndiyo inayowafaa waliopatana: wanawasilisha hati ya maridhiano yenye saini zao, nayo ikionekana ni halali inaingizwa kwenye kumbukumbu na tuzo, yaani uamuzi rasmi wa baraza, inatolewa kwa mujibu wake. Tuzo hiyo hukazwa, yaani hutekelezwa kwa nguvu ya sheria, kama nyingine yoyote, na haikatiwi rufaa kirahisi, maana mmeiomba wenyewe.

Ugumu uko kwenye maneno ya hati. Yetu ya kwanza ilisema kwamba "pande zote zitaheshimu mpaka", na mwenyekiti akatuuliza, kwa haki kabisa, mpaka upi. Ilitubidi turudi shambani, safari hii na kamba, tukaandika kwamba mpaka unatoka kwenye jiwe la zamani hadi ukingo wa kijito, michikichi ni miwili miwili, uzio utaondolewa na aliyeujenga kabla ya masika, na kila mmoja atabeba gharama zake.

Ombi langu ni kwamba mfano wa hati ya maridhiano ubandikwe kwenye mbao za matangazo za mabaraza na mahakama zetu, kwa Kiswahili, ambacho tangu mwaka 2021 ndicho lugha ya mahakama kisheria. Ibara ya 107A ya Katiba inazitaka mahakama zikuze usuluhishi, na karatasi hiyo moja ingetuokolea sisi tusio na mawakili safari mbili za bure.

Msomaji wako,
Ujiji, Kigoma