Kufundisha si kushindwa

Mwanangu mpendwa,

Ujumbe wako nimeupata. Umepewa darasa la dansi la watoto ulifundishe, nawe umelipokea kama mtu aliyeambiwa siku zake za jukwaani zimekwisha. Kabla hujatoa jibu, nisikilize mama yako. Nataka nikusimulie habari za Germaine Acogny, mchezaji na mwalimu wa dansi.

Alizaliwa Benin mwaka 1944, akakulia Senegal. Alikwenda Paris kusomea elimu ya viungo, akarudi kufundisha, na mwaka 1968 akafungua studio yake ya dansi jijini Dakar. Utazame huo mpangilio, mwanangu: ualimu ndio uliotangulia.

Tena nadhani mtindo wake ulikomaa humo humo darasani. Alichukua ngoma za Afrika Magharibi, akazikutanisha na baleti na dansi ya kisasa aliyojifunza Ulaya, akapata mbinu ambayo mwalimu anaweza kuieleza na mwanafunzi akairudia. Kiini chake ni uti wa mgongo. Mgongo unapinda, unatetemeka, wimbi linapanda kutoka nyongani hadi kifuani mpaka shingoni, huku magoti yamelegea na nyayo zimeshika ardhi. Mienendo mingine ameipa majina ya mimea, msufi ukiwa mmojawapo. Mwanafunzi akiusikia msufi, anajua mizizi iko wapi na matawi yaende wapi kabla hajafikiria mguu upi utangulie. Mambo haya sioni mtu angeyapata akijichezea peke yake mbele ya kioo. Yanamjia anayeulizwa kila siku, "Mwalimu, hapa nafanyaje?"

Mwaka 1977 alikabidhiwa uongozi wa Mudra Afrique, shule ya dansi iliyoanzishwa Dakar na mtunzi wa dansi Mfaransa Maurice Béjart pamoja na Rais wa Senegal, Léopold Sédar Senghor. Ikafungwa mwaka 1982. Wengine wangekata tamaa. Yeye alihamia Ulaya, na mwaka 1985 akafungua shule Toulouse pamoja na mumewe, Helmut Vogt. Miaka miwili baadaye akarudi jukwaani, akiwa ameshavuka arobaini, umri ambao wewe unauona ni wa kustaafu.

Halafu ikaja École des Sables, shule yake ya dansi iliyoanzishwa mwaka 1998 huko Toubab Dialaw, kijiji cha wavuvi kusini mwa Dakar. Ukumbi wake mmoja sakafu ni mchanga. Wewe unajua vizuri kuliko mimi mchanga unavyomfanya mchezaji: ukitua, kisigino kinazama, ukiruka, hausukumi kukurudisha juu, na nguvu yote lazima itoke kiunoni. Wachezaji wa kutoka pande zote za Afrika wamefundishwa hapo, na wengi wamekuwa watunzi wa dansi na walimu makwao. Kwangu mimi hiyo ndiyo kazi yake kubwa kuliko zote, kuliko hata tuzo ya dansi ya Simba wa Dhahabu aliyopewa Venice, Italia, mwaka 2021.

Na wala shule haikumwondoa jukwaani. Fagaala, dansi kuhusu mauaji ya kimbari ya Rwanda aliyoitunga pamoja na mtunzi wa dansi Mjapani Kota Yamazaki, ilichezwa na wanaume peke yao wa kundi lake la Jant-Bi. Mwaka 2020 wachezaji kutoka nchi zaidi ya kumi za Afrika walikuwa wakifanya mazoezi hapo shuleni ya dansi ambayo mtunzi wa dansi Mjerumani Pina Bausch aliitunga mwaka 1975 kwa muziki wa mtunzi Stravinsky. Korona ikafuta onyesho. Wakaicheza ufukweni, kamera zikiwarekodi. Naye Germaine mwenyewe, akiwa na miaka zaidi ya 70, alicheza onyesho zima peke yake, akisimulia habari za baba yake na bibi yake.

Sikufichi, ualimu unachosha, na kuna jioni utarudi nyumbani huna hata nguvu ya kufanya mazoezi yako mwenyewe. Kwa hiyo, kabla hujakubali, waombe wakuachie ukumbi asubuhi ujifanyie kazi zako. Ukiomba mapema hawatashindwa kukusikiliza.

Watoto wenyewe uanze nao na mgongo. Hatua za miguu zitafuata. Baada ya kipindi cha kwanza nipigie simu, uniambie ni nani aliyekuuliza swali ukakosa la kumjibu.

Nakupenda sana.

Mama yako