Barua kwa Mwanangu Aliyeniuliza Akae au Aondoke

Mwanangu mpendwa,

Simu yako ya jana ilinikosesha usingizi. Uliniuliza, "Mama, nikae au niondoke?" nami nikakwambia tutazungumza, kwa sababu sikutaka kukupa jibu la papo kwa papo kwa jambo linalotaka utulivu. Una miaka sita hapo, ajira ya kudumu, na sasa wengine wanakuita kwa mshahara mnono zaidi lakini kwa mkataba wa mwaka mmoja. Najua watu wameshakwambia usiache mbachao kwa msala upitao. Methali hiyo naiheshimu, ila wengi huisema kana kwamba mbachao hauchakai.

Wangu ulichakaa nikiwa nimeukalia.

Unajua nilikuwa opereta wa simu, lakini sikumbuki kama nimewahi kukusimulia kazi yenyewe. Mbele yangu palikuwa na swichibodi yenye safu za matundu, kila tundu na kitaa chake. Kitaa kikiwaka nachomeka waya, nauliza "Namba tafadhali," kisha nachomeka waya wa pili kwenye tundu la anayetafutwa. Kufikia mwaka wa tatu mikono yangu ilikuwa inayajua matundu yale hata gizani. Nilizijua sauti za watu ambao sura zao sikuwahi kuziona; nilijua nani ana haraka, nani amefiwa, nani anadaiwa. Nilikikalia kiti kile miaka kumi na minne, na kila mwaka nilizidi kuamini kwamba ni changu.

Siku tuliyoitwa ukumbini, meneja alitusomea barua ya ukurasa mmoja. Mtambo wa simu unaojiendesha unasimikwa, maopereta wanapunguzwa, notisi ni wiki nne. Kilichoniuma zaidi nilikuja kukijua baadaye: mtambo ule haukuwa mpya hata kidogo. Mmarekani mmoja, Almon Strowger, aliyekuwa akifanya biashara ya mazishi, alipata hataza, yaani haki ya mvumbuzi, ya swichi ya simu inayojiendesha mwaka 1891, na mwaka uliofuata ikaanza kutumika kibiashara huko La Porte, Indiana. Yaani mashine iliyonitoa kazini ilimzidi umri bibi yangu. Ilikuwa inakuja polepole, mji kwa mji, nasi tumeipa mgongo, visikilizio masikioni.

Ndiyo maana ukiniambia kazi yako kompyuta haiiwezi, moyo unanidunda. Siamini kwamba kila mashine inafuta kazi. Mashine ya kutolea pesa ilipozinduliwa London mwaka 1967, ungedhani karani wa benki hana tena siku nyingi. Marekani idadi ya makarani wa kaunta haikuporomoka kwa miongo kadhaa. Tawi moja lilihitaji makarani wachache kuliko zamani, kulifungua kukawa nafuu, matawi yakaongezeka, na karani akapunguza kuhesabu noti akawa zaidi mtu wa kuzungumza na wateja kuhusu akaunti na mikopo. Jina la kazi lilibaki lilelile, kilichobadilika ni kile alichokuwa akikifanya tangu asubuhi mpaka jioni. Kwa hiyo suala la kama cheo chako kitakuwapo liache kwanza. Chukua wiki moja, andika unachokifanya saa kwa saa, halafu uweke alama kwenye yale ambayo mwajiri mwingine angekulipa kuyafanya.

Nasema hivi kwa sababu ya hiyo miaka sita. Wanauchumi watatu waliwafuatilia wafanyakazi wa Pennsylvania waliopoteza kazi kwenye makampuni yaliyoyumba mwanzoni mwa miaka ya 1980, wale waliokuwa wamekaa kwa mwajiri mmoja miaka sita au zaidi. Walichapisha matokeo mwaka 1993: hata miaka mitano baada ya kuachishwa, kipato cha watu hao kilikuwa pungufu kwa takriban robo ya kile ambacho wangekuwa wakipata. Hawakuwa wavivu. Sehemu kubwa ya ujuzi wao ilikuwa ya palepale, mashine ile, mafaili yale, bosi yule. Nani angeninunulia mimi kipaji cha kuyajua matundu gizani?

Nilivyopata kazi ya pili ni hadithi ninayoipenda. Niliwalilia marafiki wote wa karibu. Walinipenda na walinionea huruma, lakini walikuwa maopereta kama mimi. Walichokijua wao ndicho nilichokijua mimi. Aliyeniambia kuhusu nafasi ya mapokezi ni fundi nyaya aliyekuwa akija ofisini mara moja kwa mwezi, mtu ambaye hata jina lake la pili sikulijua. Mwanasosholojia Mark Granovetter aliandika kuhusu jambo hili mwaka 1973: habari za kazi mara nyingi hutufikia kupitia watu tunaofahamiana nao kwa mbali, kwa kuwa wao wanazunguka kule tusikofika. Basi wale wa idara nyingine unaosalimiana nao kwenye ngazi, uwajue majina.

Sasa niseme linaloniudhi. Vijana mnaambiwa mchana na usiku: jiongeze, badilika, soma kozi, hama. Kana kwamba mzigo wote ni wa mfanyakazi na mwajiri yeye ni hali ya hewa tu. Hapana. Denmaki mwajiri anaweza kumwachisha mtu bila vikwazo vingi, lakini aliyejiunga na mfuko wa wasio na kazi hulipwa mafao hadi miaka miwili, na serikali humsaidia kupata mafunzo na kazi nyingine. Watu huko wanabadili kazi mara kwa mara kwa sababu wanajua wakianguka wataangukia wapi. Kumwambia mtu aruke bila kumwekea kitu chini ni ukatili, hata uuite ushauri.

Na kuna haki ambazo hazitegemei wema wa mtu. Shirika la Kazi Duniani lilipitisha Mkataba Namba 158 mwaka 1982. Unasema mfanyakazi asiachishwe bila sababu ya haki inayohusu uwezo wake, mwenendo wake au mahitaji ya shughuli yenyewe. Apewe notisi, na akituhumiwa apewe nafasi ya kujitetea. Ujauzito si sababu, uanachama wa chama cha wafanyakazi si sababu. Si nchi nyingi zilizouridhia, lakini uusome hivyohivyo, upate kipimo cha kuupimia mkataba wako.

Tuje kwenye huo mkataba. Ulinisomea kifungu kimoja haraka haraka, nami nikakuomba urudie: ukiondoka, usifanye kazi kwa mshindani wao yeyote kwa miaka miwili. Mwanangu, wanakuajiri mwaka mmoja wanakufunga miwili! Jambo hili ni la kale. Uingereza, baada ya tauni kuua watu wengi na wafanyakazi kuwa adimu, ilitungwa sheria mwaka 1351 ya kurudisha ujira kwenye viwango vya kabla ya tauni, na kumwacha mwajiri kabla ya muda kulikuwa kosa. Waajiri walishtuka walipoona mfanyakazi ana pa kwenda. Upande wa pili, California imekuwa na sheria tangu 1872 inayovibatilisha karibu vifungu vyote vya namna ya hicho chako, na makampuni ya huko hayakufa.

Mimi usalama wa kazi naupima hivi: unaweza kukaa bila kuogopa kufukuzwa ovyo, na unaweza kuondoka bila kuogopa njaa. Ukiwa na kimoja tu, mwajiri anakuwa ameshika kamba.

Kwa hiyo naegemea uondoke. Uliniambia mwenyewe, ukidhani unalalamika tu, kwamba kwa miaka miwili hujajifunza kitu kipya hapo. Hilo lilinitisha kuliko mkataba wa mwaka mmoja. Lakini usiondoke kwa miguu mitupu. Kifungu kile kifutwe, au kipunguzwe kiwe cha miezi michache na kwa kazi zilizotajwa waziwazi. Notisi iwe ileile kwao na kwako. Hapo ulipo, waandikie kwa adabu, wakukokotolee kiinua mgongo na siku za likizo ulizobakiza, na usitoke bila barua inayothibitisha miaka yako sita. Mimi yangu niliifuatilia miezi mitano kwa sababu nilitoka nikilia badala ya kutoka na karatasi. Akiba ya miezi sita unayo? Kama ni ya mitatu, omba kuanza baadaye kidogo. Anayekutaka kweli atakusubiri.

Nitumie picha ya ukurasa wenye kifungu kile usiku huu, niusome kwa nafasi nikiwa na miwani yangu. Nitakupigia Jumapili asubuhi. Mpaka hapo, usitie sahihi.

Mama yako