Wito wa Harambee: Tujenge Kituo cha Kulelea Watoto Mchana kwa Kaya za Vibarua, Wilaya ya Kilolo

Kwa washarika wote, kwa majirani zetu wa dini na madhehebu mengine, na kwa wana Kilolo mlioko Iringa mjini, Mbeya, Dodoma, Dar es Salaam na kokote mlikojaliwa kupata riziki: Bwana Yesu asifiwe, na salamu za amani ziwafikie.

Baraza la Wazee wa usharika wetu, kwa kushirikiana na serikali ya kijiji, limeazimia kujenga kituo cha kulelea watoto wadogo mchana. Tunawaandikia kuwaomba mtuunge mkono katika harambee itakayofanyika Jumapili ya mwisho ya mwezi wa Agosti, mara baada ya ibada ya pili. Kabla ya kutaja kiasi tunachohitaji, tunaona ni haki yenu kujua kwa nini tumechagua jambo hili wakati usharika una mahitaji mengine, yakiwemo paa la kanisa linalovuja na nyumba ya mwinjilisti ambayo haijakamilika.

Mkoa wetu unazalisha chakula kwa wingi. Msimu huu vihenge vimejaa mahindi, magunia ya viazi yamepangwa kando ya barabara yakisubiri malori, maharage na njegere vinaanikwa kwenye kila uwanja, na miaka ya karibuni parachichi nazo zimeongezeka. Pamoja na neema hiyo, utafiti wa kitaifa wa afya wa mwaka 2022 ulionyesha kuwa asilimia 56.9 ya watoto wenye umri chini ya miaka 5 mkoani Iringa wamedumaa, kiwango kilichokuwa cha juu kuliko cha mkoa mwingine wowote nchini, wakati wastani wa taifa ulikuwa asilimia 30. Waliotufuata ni jirani zetu wa Njombe, asilimia 50.4, na Rukwa, asilimia 49.8. Yaani mikoa inayosaidia kuilisha nchi ndiyo yenye watoto wengi zaidi wasiokua inavyostahili.

Wapo wanaosema hii ni kwa sababu akina mama wa huku hawajui lishe. Sisi tunaoishi nao tunalikataa neno hilo. Elimu ya lishe imetolewa kliniki, vijijini na hata madhabahuni, na mama wengi wanaweza kukutajia makundi ya chakula bila kusita. Wanachokosa ni mchana. Mtoto wa miaka miwili ana tumbo dogo. Anahitaji kula kidogo kidogo mara kadhaa kwa siku, chakula kilichochanganywa, tena mbele ya mtu mzima mwenye muda wa kumbembeleza. Mama anayeishi kwa kibarua huondoka saa 12 asubuhi na hurudi saa 10 jioni, na katikati ya saa hizo mtoto hana mlezi.

Yeyote aliyepita kwenye mashamba ya viazi wakati wa mavuno ameliona hili. Pembezoni mwa shamba hutandikwa kitenge chini ya mti, na juu yake anaachwa mtoto anayeanza kutembea, akichungwa na kaka yake wa miaka sita. Kando yao kuna kidumu cha uji wa sembe uliopikwa alfajiri, bila maziwa, bila karanga. Ikifika saa 6 mchana uji umepoa na kuanza kuchacha. Yule mkubwa ameshakunywa sehemu yake, na mdogo akionja mara moja huukataa. Mama yuko kwenye matuta umbali wa kusikia kilio, lakini analipwa kwa gunia, na kila anapoinuka kwenda kumnyonyesha anajua kuwa anapunguza ujira wa siku hiyo. Katika miezi ya baridi, Juni na Julai, hali huwa mbaya zaidi, kwa sababu watoto huachwa ndani karibu na moto, na waliowahi kuungua kwenye mafiga tunawafahamu kwa sura.

Tunapenda kusema wazi kwamba serikali haijakaa kimya. Mfuko wa Maendeleo ya Jamii, TASAF, ulianzishwa mwaka 2000, na mwaka 2012 ulizinduliwa Mpango wa Kunusuru Kaya Maskini, ambao umezipatia kaya zisizojiweza ruzuku, sehemu yake ikiambatana na sharti la kupeleka watoto kliniki na shuleni, pamoja na ajira za muda kwa wenye nguvu ya kufanya kazi. Awamu ya pili ya mpango huo ilizinduliwa Februari 2020. Tumeona kwa macho yetu bati zilizoezekwa, mbuzi walionunuliwa na watoto waliovalishwa sare kwa fedha hizo. Ada ya shule iliondolewa kuanzia mwaka 2016 hadi kidato cha nne. Mwishoni mwa mwaka 2021 ilizinduliwa Programu Jumuishi ya Taifa ya Malezi, Makuzi na Maendeleo ya Awali ya Mtoto, inayotambua kuwa mtoto anahitaji afya, lishe, ulinzi, malezi yenye mwitikio, yaani mlezi anayemsikiliza na kumjibu mtoto, na ujifunzaji wa awali kwa pamoja.

Ukizitazama sera hizi kutoka mlangoni kwa mama kibarua, utaona kuwa zote zinadhani kuna mtu nyumbani. Ruzuku hutolewa kwa kaya, na anayeibadilisha kuwa chakula cha mtoto ni mtu aliyepo jikoni saa 4 asubuhi. Ajira za muda humpa mama kipato, na kwa saa hizo hizo humwondoa kwa mtoto wake. Kliniki humpima mtoto uzito na kumrudisha kwa mama. Shule humpokea akifikia umri wa darasa la awali. Kati ya mtoto kuacha ziwa na kuingia darasa la awali kuna miaka mitatu hivi ambayo, kwa kaya maskini, haina mwenyewe. Mwenye uwezo huijaza miaka hiyo kwa kuajiri dada wa kazi.

Huyo dada wa kazi mara nyingi ametoka huku kwetu. Hili linatuuma, na tunaomba mtuvumilie tulieleze. Katika kaya ya kibarua, anayepewa kazi ya kulea mchana ni binti mkubwa, ambaye anaweza kuwa darasa la nne au la tano. Huanza kukosa shule siku za palizi, kisha siku za mavuno, kisha siku za soko, na mwalimu akiita jina lake asubuhi, wenzake hujibu kwamba yuko nyumbani na mtoto. Ada imefutwa, lakini binti huyu hawezi kuitumia nafasi hiyo kwa sababu amembeba mdogo wake mgongoni. Akimaliza darasa la saba na alama hafifu, anakuja mtu kutoka mjini kumtafutia kazi za ndani, na ujuzi pekee alionao ni ule wa kulea watoto wa wengine. Kituo tunachokusudia kujenga kitamlisha mdogo mtu, lakini pia kitamrudisha huyu darasani, na katika hesabu zetu faida hizi mbili zina uzito sawa.

Yapo makundi mengine mawili ambayo kamati imeyaweka mbele. Kwanza ni bibi na babu wanaolea wajukuu. Utafiti wa kitaifa wa mwaka 2022/2023 ulionyesha maambukizi ya VVU miongoni mwa watu wenye umri wa miaka 15 na zaidi kuwa asilimia 12.7 Njombe, 11.1 Iringa na 9.6 Mbeya, wakati wastani wa taifa ni asilimia 4.4. Dawa za kufubaza virusi zimeokoa wengi, na tunamshukuru Mungu, lakini vifo vya miaka ya nyuma viliacha wazee wakianza upya kazi ya kulea, na bibi wa miaka 70 hawezi kumkimbilia mtoto wa miaka mitatu anayeelekea mtoni. Pili ni watoto wenye ulemavu, ambao baadhi hufungiwa ndani mchana kutwa kwa sababu mama hana wa kumwachia. Ni rahisi kumlaumu mama huyo. Ni vigumu zaidi kumpa mahali salama pa kumpeleka mwanawe, na hicho kigumu ndicho tunachowaomba tukifanye.

Tunalo jambo la kusema kuhusu watakaopokelewa. Walengwa wa mpango wa kunusuru kaya huibuliwa katika mkutano wa hadhara wa kijiji, utaratibu tunaouheshimu kwa kuwa wanakijiji ndio wanaojuana. Hata hivyo orodha huandikwa kwa vipindi, na mama aliyefiwa na mume baada ya orodha kufungwa, au kibarua aliyehamia juzi kutoka wilaya nyingine na kupanga chumba kitongojini, hukaa nje yake kwa muda mrefu. Kituo chetu hakitamtaka mzazi yeyote alete barua ya kuthibitisha umaskini wake. Mtoto wa mlengwa na wa asiye mlengwa, wa Mkristo, wa Mwislamu na wa asiye na dini, watakula sahani zinazofanana. Kila kaya itachangia kwa zamu debe la mahindi, maharage, kuni au siku ya kazi bustanini, kwa sababu wazazi wenyewe walituambia kikaoni kwamba hawataki mahali ambapo watoto wao watahesabiwa kuwa omba omba.

Jengo litakuwa na vyumba viwili vya watoto, jiko lenye moto uliojengewa mbali na watoto, stoo, vyoo vidogo na kimoja kinachofikika kwa kiti cha magurudumu, pamoja na tenki la kuvuna maji ya mvua. Litapokea watoto 50, kuanzia miaka miwili hadi umri wa kuingia darasa la awali. Asubuhi watapewa uji wa ulezi wenye karanga au maziwa, mchana maharage au njegere, mboga za majani, dagaa au yai, na parachichi zinapokuwepo. Tunajua kwamba udumavu mwingi huingia ndani ya siku 1,000 za mwanzo, tangu mimba kutungwa hadi mtoto kutimiza miaka miwili. Kwa hiyo hatudai kwamba kituo peke yake kitaufuta. Mhudumu wa afya ngazi ya jamii amekubali kukutana hapo na wajawazito na wenye watoto wachanga, na Siku ya Afya na Lishe ya Kijiji, inayofanyika kila robo mwaka, itahamishiwa kwenye uwanja wa kituo. Usajili unafuatiliwa kwa Afisa Ustawi wa Jamii wa halmashauri, kwa mujibu wa Sheria ya Mtoto ya mwaka 2009.

Lengo letu ni shilingi 36,000,000. Kati ya hizo, shilingi 23,000,000 ni za kumalizia jengo: bati, saruji, nondo, milango, vyoo na tenki. Shilingi 13,000,000 ni za kuendesha kituo kwa mwaka wa kwanza, yaani nyongeza ya chakula, ambayo kwa bei za soko letu ni kama shilingi 12,000 kwa mtoto kwa mwezi, na posho ya walezi wanne. Posho hii hatutaipunguza. Kulea watoto 50 ni kazi, na si haki kuondoa umaskini katika nyumba 50 kwa kuwatumikisha bure wanawake wanne wa kijiji hicho hicho. Kiwanja kimetolewa na kijiji, tofali zimefyatuliwa na kuchomwa na vijana, na mbao za kenchi zimeahidiwa na washarika wenye mashamba ya miti.

Mnaoishi huku mnaweza kuleta mazao. Mahindi, viazi, maharage, kuku na chochote kitakacholetwa siku hiyo kitanadiwa baada ya ibada kama ilivyo desturi yetu, na tunawaomba wenye uwezo wapande bei bila kuoneana haya. Wanaopenda kutoa vifaa wanaweza kutoa bati, mfuko wa saruji, godoro la mtoto au sufuria. Anayetaka kubeba chakula cha mtoto mmoja kwa mwaka mzima atatoa shilingi 144,000, kwa mkupuo au kwa awamu. Mafundi ujenzi na mafundi bomba, siku mbili za mikono yenu zitaandikwa kwenye daftari kama mchango kamili.

Mlioko mbali, michango ipitie akaunti ya usharika peke yake, ambayo namba yake mtapewa na mhazini au mtaikuta kwenye ubao wa matangazo wa kanisa. Msitume fedha kwa namba ya simu ya mtu binafsi, hata akijitambulisha kuwa mjumbe wa kamati. Kila mchango utakatiwa risiti. Kamati ina wajumbe kutoka serikali ya kijiji, mwalimu wa darasa la awali, mhudumu wa afya na wazazi wawili ambao ni vibarua, na hesabu za mapato na matumizi zitabandikwa kila mwezi kanisani na kwenye ofisi ya mtendaji wa kijiji.

Ikiwa kiasi chote hakitapatikana siku hiyo, hatutasubiri. Tutaanza mwezi wa Novemba, kabla ya msimu wa kupanda, tukiwa na watoto 20 katika chumba cha shule ya Jumapili, huku ujenzi ukiendelea kwa kadiri ya fedha zilizopo. Ahadi zitapokelewa hadi mwisho wa Desemba, na wanaotaka kuona kiwanja na michoro wakaribishwe ofisi ya usharika siku yoyote ya kazi, isipokuwa Jumatatu.