Filamu Bubu Haijaharibika

Mhariri,

Miaka yote nasoma gazeti lako hapa Ujiji sijawahi kukuandikia, ila ile habari ya wiki jana ya filamu fupi za vijana imenikera. Mwandishi wako kasema zilikuwa hazijakamilika kwa sababu hazina sauti. Jamani, hizo ni filamu bubu, zimetengenezwa hivyo makusudi!

Nilikuwepo ukumbini. Moja ni ya binti wa kaka yangu, dakika nne tu, kaipiga ndani ya treni kutoka Tabora. Pale Urambo mkono wa mama unapanda dirishani na chupa ya asali, abiria anahesabu hela taratibuu, treni inaanza kujivuta, mkono unakimbia nayo, vidole vinaachia chupa, noti inadondoka kwenye kokoto. Basi. Sura ya yule mama huioni lakini unamjua. Sasa treni inaanza tu kutembea, jamaa wa spika pale ukumbini akaachia muziki wa singeli, kisa eti kumepooza, watu wakaanza kuitikia wimbo na kucheka, ile noti hakuna aliyeiona, na binti yetu akabaki kainama analia, mimi shangazi yake nimemshika bega sina la kumwambia. Mwandishi wako alikaa nyuma yangu, mbona hilo hakuandika? Sinema zenyewe zilianza hivyo hivyo, wale ndugu Lumière wa Ufaransa walionyesha treni ikiingia stesheni mwaka 1896, sekunde kama 50, haina sauti yoyote, na watu walitazama. Najua enzi hizo ukumbini kulikuwa na mpiga piano, lakini yule anapiga huku macho yake yapo kwenye picha, huyu wetu macho yalikuwa kwenye simu.

Na kwenye mabasi ni hivyo hivyo. Juzi natoka Kasulu, video inapiga kelele njia nzima, mtoto siti ya mbele anamwonyesha mama yake ng'ombe wanavuka barabara, mama hasikii, mtoto mwishowe akanyamaza.

Naomba umpe mwandishi wako nauli ya treni, daraja la tatu, siti ya dirishani, apande Tabora, simu azime, atazame nje tu, Kaliua, Malagarasi, Uvinza, mpaka ziwa litokee. Akishuka Kigoma aje kwangu, filamu ninayo kwenye flashi, tutaiangalia upya mwanzo mpaka mwisho na spika nitakuwa nimeshaichomoa.

Msomaji wako, Ujiji